Msimulizi Asiyetajwa: James Wong Howe na Mwanga wa Sinema

Utangulizi

Mitaani sinema ina mwenyewe, naye ni stelingi. Mtu akisimulia picha aliyoitazama jana, atakueleza stelingi alivyopigwa mwanzoni na alivyolipa kisasi mwishoni, basi. Ukiingia darasani mwenye mali anabadilika. Huku tunafundishwa kumtaja mwongozaji, au mwandishi wa riwaya ambayo filamu imetokana nayo. Mpiga picha hatajwi huku wala kule. Hata lugha haimsaidii. Kwa Kiswahili yule wa pasipoti, yule wa harusi na yule aliyekaa nyuma ya kamera ya filamu kubwa wote ni "mpiga picha" tu, kana kwamba kazi yao ni moja.

Makala haya yanakusudia kuichunguza kazi ya mpiga picha mmoja wa Hollywood, James Wong Howe, aliyezaliwa China mwaka 1899 na kufariki Marekani mwaka 1976. Katika muda wa zaidi ya miaka 50 alipiga picha filamu zaidi ya 130, akateuliwa mara kumi kuwania tuzo ya Oscar na kuipata mara mbili. Hoja yangu ni kwamba sisi wanafunzi wa fasihi, ambao kutwa tunabishana kuhusu nafsi ya kwanza na nafsi ya tatu, tumemwacha nje msimulizi muhimu sana. Katika filamu, anayeamua tumwone mhusika kutoka wapi, kwa karibu kiasi gani na katika mwanga gani, anafanya kazi ya usimulizi. Maisha ya Howe yanalionyesha jambo hilo kwa uwazi. Yanaonyesha pia mipaka yake, na hapo ndipo penye uchungu.

Kutoka Taishan hadi Hollywood

Jina alilozaliwa nalo ni Wong Tung Jim. Alizaliwa Taishan, katika jimbo la Guangdong, na akapelekwa Marekani angali mtoto mdogo wa miaka mitano. Baba yake, Wong How, alikuwa amefanya kazi katika reli ya Northern Pacific, kisha akafungua duka katika mji mdogo wa Pasco, jimbo la Washington. Wazungu wa pale, ambao hawakujua kwamba kwa Wachina jina la ukoo hutangulia, wakaichukua "How" kuwa ndiyo jina la ukoo. Ndivyo Wong Tung Jim alivyogeuka kuwa James Howe. Jina la Wong lilirudishwa katika orodha za wasanii miaka ya 1930, wakati studio ilipoona kwamba Uchina wake nao ni tangazo la biashara.

Baba alipofariki kijana akaingia kwenye ndondi, akipigana ulingoni kwa malipo. Mchezo huo tuuweke akiba, tutauhitaji mbele. Baadaye akateremka hadi Los Angeles, ambako alikuwa tarishi wa mpiga picha mmoja, kisha mbeba mizigo hotelini. Mwishowe akapata kibarua katika studio ambako Cecil B. DeMille alikuwa mfalme. Kazi yenyewe ilikuwa kufagia chumba cha kamera na kuokota vipande vya filamu sakafuni. Siku moja wakapungukiwa na mtu wa kushika kile kibao chenye namba ya tukio, akaitwa yeye. Ndio mwanzo wake. Hakuna chuo hapo, hakuna cheti. Alijifunza kwa kutazama mikono ya wengine, kama fundi seremala anavyojifunza karakanani.

Macho ya Mary Miles Minter

Kisa kilichomtoa ni kidogo, lakini mhakiki akikitazama vizuri atakuta nadharia nzima ndani yake. Filamu za miaka ile zilipigwa kwa utepe ulioona rangi kwa upendeleo. Rangi ya samawati uliipokea kwa pupa mno, hata ikatoka nyeupe. Nyekundu haukuiona kabisa, ikatoka nyeusi. Sasa mwigizaji mwenye macho ya samawati hafifu afanyeje? Kwenye pazia la sinema macho yake yalitoka meupe kama ya kipofu. Ndilo lililokuwa tatizo la Mary Miles Minter, nyota mkubwa wa siku hizo.

Howe, ambaye alikuwa akipiga picha za kawaida ili kujiongezea kipato, alimpiga picha Minter, na kumbe katika picha ile macho yalitoka meusi, yamejaa uhai. Minter akauliza kama anaweza kumfanyia hivyo hivyo kwenye sinema. Howe akajibu kwamba anaweza, ingawa wakati ule hata yeye hakujua jambo lile lilitokeaje. Akarudi pale alipomsimamisha, akasimama mwenyewe, akatazama. Mbele yake kulikuwa na pazia kubwa jeusi la mahameli. Weusi wa kitambaa kile ndio ulioakisiwa machoni mwa Minter na kuyakoleza. Basi akatengeneza fremu ya mahameli nyeusi yenye tundu katikati, akapitisha lenzi tunduni, akampiga picha Minter katika filamu ya Drums of Fate ya mwaka 1923. Mji mzima ukavuma uvumi kwamba Minter ameagiza mpiga picha kutoka Mashariki ambaye hujificha nyuma ya mahameli nyeusi. Eti ameagizwa! Mtu aliyekulia Washington.

Kisa hiki kinatufunza mambo mawili. Kwanza, kamera haikuwahi kuwa jicho lisilo na upande. Utepe wenyewe ulikuwa na upendeleo wake hata kabla mtu hajaugusa, na kazi ya mpiga picha ilikuwa kujadiliana na upendeleo huo. Wale wanaosema filamu inaonyesha ukweli kama ulivyo hawajafika kwenye chumba cha kuoshea filamu. Pili, Howe alipata jibu kwa kusimama mahali aliposimama anayetazamwa. Alijiuliza mhusika anaona nini, ndipo akaelewa sisi tunamwonaje. Katika darasa la riwaya jambo hilo lina jina: mtazamo wa usimulizi.

Sauti inaingia, mwanga unabaki

Mwishoni mwa miaka ya 1920 Howe alisafiri kwenda China kupiga picha. Aliporudi alikuta sinema imepata sauti. The Jazz Singer ilikuwa imetoka mwaka 1927, na studio zilitaka watu waliokwisha kufanya filamu za kuzungumza. Yule aliyekuwa anagombewa jana, leo anapiga hodi na milango haifunguki. Alirudi kwa taabu, na katika Transatlantic ya mwaka 1931, filamu ya matukio ndani ya meli ya abiria, akafanya jambo ambalo historia za sinema humpa mtu mwingine. Alitumia lenzi pana, akapiga picha katika vyumba vyenye dari, akahakikisha kwamba aliye karibu na aliye mbali wote wanaonekana wazi kwa wakati mmoja. Miaka kumi baadaye, mwaka 1941, Gregg Toland aliitumia mbinu ya namna hiyo katika Citizen Kane, na vitabu vikaishangilia. Sina nia ya kumvua Toland sifa, maana kazi yake ni kubwa. Nasema tu kwamba mbinu hiyo ilikuwa na ukoo.

Mbinu hii ina maana gani kwa mhakiki? Picha inapomkazia mtu mmoja na kuwafifisha wengine, msimulizi ametushika mkono na kutuambia: mtazame huyu. Picha inapoweka wote wazi, hadhira inachagua yenyewe pa kutazama. Ni tofauti ya msimulizi anayetuamulia kila kitu na yule anayeweka matendo mbele yetu akanyamaza.

Miaka hiyo ya 1930 wenzake walimpa jina la utani kwa sababu ya kupenda kwake mwanga mdogo. Itikadi yake ilikuwa rahisi: kila mwanga uwe na asili yake ndani ya hadithi. Kama chumbani mna taa moja ya mezani, basi uso uangazwe kana kwamba ni taa hiyo tu, na pembe za chumba zibaki na giza lake. Studio hazikulipenda hilo siku zote. Zilikuwa zimemlipa nyota fedha nyingi na zilitaka kila senti ionekane.

Ulingoni kwa viatu vya magurudumu

Mwaka 1947 mwongozaji Robert Rossen alitengeneza Body and Soul, filamu ya bondia maskini, aliyeigizwa na John Garfield, anayenunuliwa na matajiri wa kamari hadi akakaribia kuuza utu wake. Kabla ya hapo pambano la ndondi kwenye sinema lilizoeleka kupigwa picha kutoka nje ya kamba, kwa mbali na kwa utulivu, mahali anapokaa mtazamaji aliyelipa kiingilio. Howe aliyakumbuka mapambano ya ujana wake. Alivaa viatu vya magurudumu, akachukua kamera mkononi, akaingia ulingoni huku msaidizi akimsukuma huku na huko kati ya mabondia.

Matokeo yake si mchezo. Picha inayumba, inapoteza shabaha, inapokea ngumi. Lakini tusiishie kusifu ujanja. Tujiulize fani hii imezaa maudhui gani. Filamu inahusu mwili wa maskini ambao wengine wanaufanyia biashara. Kamera ikibaki nje ya kamba, sisi watazamaji tunakaa na wale wanaoweka dau. Kamera ikiingia ndani, tunahamishwa tabaka: tunakaa na anayepigwa. Hoja ya kitabaka ya filamu nzima imebebwa na magurudumu yale, wala hakuna mhusika aliyelazimika kuitamka. Wanaotenganisha fani na maudhui kama mchele na pumba wangetazama dakika hizo chache kabla hawajaendelea na msimamo wao.

Riwaya mbili, kamera moja

Kwa wanafunzi wa fasihi mfano ulio bora zaidi ni wa filamu mbili zilizotokana na riwaya, ambazo Howe alizipiga picha katika muda wa miaka mitano.

Ya kwanza ni The Old Man and the Sea ya mwaka 1958, kutokana na riwaya fupi ya Hemingway ya mwaka 1952. Spencer Tracy anaigiza mvuvi mzee, na sehemu kubwa ya filamu ni yeye, mtumbwi, samaki na maji. Waliotengeneza filamu waliheshimu sana maneno ya mwandishi, hata wakaamua sauti ya msimulizi isikike juu ya picha. Baadhi ya matukio yalipigwa baharini, mengi katika tangi la studio, na wapiga picha wengine nao walihusika. Howe aliteuliwa kuwania Oscar kwa rangi zake. Hata hivyo filamu haipumui. Tunaambiwa mzee amechoka, na hapo hapo tunaonyeshwa mzee amechoka. Wasimulizi wawili wamekaa kwenye kiti kimoja, kila mmoja anarudia ya mwenzake, na mwanga unabaki kuwa pambo la maneno.

Ya pili ni Hud ya mwaka 1963, iliyoongozwa na Martin Ritt kutokana na riwaya ya kwanza ya Larry McMurtry, Horseman, Pass By, ya mwaka 1961. Riwaya inasimuliwa na kijana Lonnie kwa nafsi ya kwanza. Anaishi kwenye ranchi Texas pamoja na babu yake, mzee Homer Bannon, mtu wa heshima ya zamani, na Hud, mtu asiyejali chochote isipokuwa nafsi yake. Ugonjwa wa miguu na midomo unaingia katika kundi la ng'ombe, na serikali inaamuru wote wauawe.

Filamu imemnyang'anya Lonnie usimulizi. Hakuna sauti ya kutueleza. Sasa nani ameuchukua uzito ule? Ni Howe. Wakati ule filamu za rangi zilikuwa zimeenea, lakini hii ilipigwa kwa nyeusi na nyeupe, katika umbo pana, huko huko Texas karibu na mji mdogo wa Claude. Anga limechukua nafasi kubwa ya picha, limekaa tupu, na watu wako chini wamekuwa wadogo kama vijiti. Yale ambayo kijana wa riwaya anatuambia kwa kurasa kadhaa, upweke wa nchi ile na woga wa kubaki peke yake, yamewekwa mbinguni. Ng'ombe wanapoingizwa shimoni na bunduki zinapoanza, hakuna mawingu mazuri ya kutuliza jicho. Ndani ya nyumba nako giza limeachwa likae usoni pa Hud, ambaye ni Paul Newman, kijana mzuri ambaye studio yoyote ingetaka amulikwe mpaka kope. Tunavutwa naye na kuogopeshwa naye kwa wakati mmoja. Hud ilimpa Howe Oscar ya pili. Ya kwanza aliipata kwa The Rose Tattoo ya mwaka 1955.

Hapa mpinzani wangu atasema: sawa, lakini aliyeamua nyeusi na nyeupe si Ritt? Mpiga picha ni fundi anayetekeleza. Nakubali kwamba sinema ni kazi ya ushirika, na Howe mwenyewe alifanya filamu nyingi za kawaida kwa sababu mtu lazima ale. Lakini chukua filamu zake kwa waongozaji tofauti. Katika Sweet Smell of Success ya Alexander Mackendrick, ya mwaka 1957, taa imewekwa juu ya kichwa cha Burt Lancaster ili miwani itupe kivuli machoni, na uso wa mwandishi yule wa safu za udaku ukawa kama fuvu. Katika Seconds ya John Frankenheimer, ya mwaka 1966, kamera imefungwa mwilini mwa mwigizaji, na lenzi inapinda kuta za dunia ya mtu aliyenunua sura mpya. Waongozaji wanabadilika, mkono unabaki ule ule: mwanga wenye asili, kivuli chenye hoja, kamera inayokwenda kusimama mahali pa mhusika. Mtindo unaodumu kazi hadi kazi ndio tunaouita, kwa waandishi, sauti ya mtunzi. Kwa nini kwa mpiga picha tuuite ufundi tu?

Aliyeonyesha, asiyeonekana

Nimesema kuna uchungu. Sheria ya Marekani ya mwaka 1882 iliyozuia Wachina iliwanyima wahamiaji wao haki ya kupewa uraia, na haikufutwa hadi mwaka 1943. Kwa hiyo Howe aliyewapa Wamarekani sura ya Lincoln katika Abe Lincoln in Illinois ya mwaka 1940 hakuwa na njia ya kuwa raia wa nchi ya Lincoln.

Nyumbani mambo hayakuwa nafuu. Mwaka 1937 alimwoa mwandishi Mmarekani mzungu, Sanora Babb, huko Paris, kwa sababu California ilikataza ndoa ya namna hiyo. Waliporudi ndoa haikutambuliwa. Mikataba ya studio ilikuwa na vifungu vya maadili, wakaishi katika nyumba mbili tofauti za jengo moja. Mahakama ya juu ya California ilipoitupa sheria hiyo mwaka 1948, wakafunga ndoa upya mwaka 1949. Babb naye alikuwa na giza lake. Riwaya yake kuhusu wakulima waliokimbia ukame, Whose Names Are Unknown, ilikuwa imekubaliwa na mchapishaji mwaka 1939, ikaachwa kwa sababu The Grapes of Wrath ya Steinbeck ilikuwa imetoka kwanza. Ilichapishwa mwaka 2004. Nyumba moja, wasimulizi wawili, wote wamesubiri majina yao.

Na sasa mpaka niliousema mwanzoni. Kamera humwangaza aliyeletwa mbele yake, haimleti. Filamu kubwa ya Hollywood kuhusu wakulima wa China, The Good Earth ya mwaka 1937, kutokana na riwaya ya Pearl Buck, ilipewa waigizaji wakuu Paul Muni na Luise Rainer, ambao si Wachina, na ikapigwa picha na Karl Freund. Howe miaka hiyo alikuwa Uingereza akipiga Fire Over England, habari za malkia Elizabeth. Mwaka 1948 alikwenda China kuandaa filamu ya riwaya ya Lao She kuhusu mtu anayekokota rikisho mjini Peking, lakini haikukamilika. Na katika Hud yenyewe kuna jambo la kutusumbua. Mtumishi wa nyumba, ambaye katika riwaya ni mwanamke mweusi aitwaye Halmea, katika filamu amekuwa Alma, mwanamke mzungu, akaigizwa na Patricia Neal. Hakuna taa ya Howe ambayo ingeweza kumrudisha Halmea. Msimulizi anaweza kuwa hodari kuliko wote na bado hadithi akakabidhiwa ikiwa imekatwa tayari.

Hitimisho

Makala yamejaribu kuonyesha kwamba mpiga picha wa sinema ni msimulizi, na kwamba hadithi ya Howe haiwezi kusomwa kwa haki pasipo kuuliza swali la mamlaka: nani anaruhusiwa kuonyesha, na nani anaruhusiwa kuonyeshwa. Filamu yake ya mwisho, Funny Lady, ilitoka mwaka 1975 naye akiwa mzee wa zaidi ya miaka 70, na ikampa uteuzi wa kumi wa Oscar. Mwaka uliofuata alifariki.

Napendekeza jambo moja dogo kwa wenzangu na kwa walimu wetu. Tunapoandika uhakiki wa filamu iliyotokana na riwaya, tusiishie kupanga orodha ya matukio yaliyokatwa na yaliyoongezwa. Tuulize usimulizi wa kitabu umekwenda wapi. Kama umekwenda kwenye sauti, tuseme. Kama umekwenda kwenye anga tupu la Texas au kwenye kivuli cha miwani, tuseme pia, na tuandike jina la aliyeuweka huko. Orodha ya majina inapopita kwenye pazia mwisho wa filamu, wengi wetu huwa tumeshasimama tunatafuta mlango. Tukae kidogo.